Mabomu Haya Si Yako

Ujiji, 12 Januari 1997

Mpenzi mume wangu Nikodemu,

Mwakeye! U hali gani huko kambini? Mimi ni mzima, ila ugonjwa wangu unaujua: ni wewe. Mama mkwe hajambo, anakusalimu. Kila asubuhi nikitandika kitanda najilaza kidogo upande wako, kisha nacheka peke yangu kama mwehu. Miezi miwili tu ya ndoa, nawe umekwenda Kasulu kugawa mahindi! Wakimbizi nawaonea huruma, hata hapa Ujiji wanashuka na mitumbwi kila siku. Lakini nami nihurumie.

Nimepata wazo. Tuendeleze mchezo wetu wa manowari kwa barua. Nimechora miraba yangu, herufi A hadi J juu, namba moja hadi kumi ubavuni, na meli zangu tano nimezificha humo. Wewe chora zako. Kila barua mabomu matatu, na anayerushiwa aseme ukweli: maji, au imepigwa. Dereva Telesphory atatubebea.

Naanza: A1, J10, E5. Usinionee huruma.

Mkeo, anayelionea wivu hata shuka unalojifunika,
Leonia

Kambini, 20 Januari 1997

Mke wangu kipenzi,

Salamu nyingi zikufikie. Mimi sijambo, ila miguu inauma kwa kusimama ghalani. Foleni ya mahindi huanza kabla jua halijatoka. Mpe mama shikamoo yangu. Mkataba wangu unaisha wiki ya Pasaka, na Pasaka nitakula nyumbani. Hiyo ni ahadi.

Mabomu yako yote maji! Yangu ni haya: B2, D4, F6.

Mumeo,
Nikodemu

Ujiji, 27 Januari 1997

Mume wangu,

U mzima? Mimi sijui kama ni mzima.

B2 maji. D4 maji. F6 imepigwa, tena ndiyo meli yangu kubwa kuliko zote.

Sasa niambie, nani anakusaidia? Nakujua, Niko. Tulipocheza mkekani mwezi wa Novemba ulikuwa ukirusha mabomu kama mtu anayefukuza kuku shambani: moja huku, moja kule, halafu unarudia palepale ulipokwisha kupiga. Haya ya sasa yamenyooka kama yamepigiwa rula. Huo ni mkono wa mtu mwingine.

Nilimwonyesha dada yako Agnesi. Akacheka mpaka akakaa chini. "Wifi, wenzako wanafumania wanja kwenye shati, wewe umefumania namba!" Acheke tu. Ni mwanamke? Na kama ni mwanamke, ni mzuri?

C3, C4, C5.

Mkeo,
Leonia

Kambini, 9 Februari 1997

Leonia wangu,

Hujambo? Mama hajambo? Mimi mzima, ila barua yako imenitoa jasho. Maji, maji, maji.

Ndiyo, ni mwanamke. Anaitwa Mélanie, ni mkimbizi. Alikuwa mwalimu wa hesabu Bujumbura, na sasa tuko naye ghalani, anahesabu magunia. Aliniona na miraba yangu wakati wa chai, akaniuliza kwa nini nabahatisha. Barua zako hajasoma hata mstari mmoja, naapa. Ni miraba tu. Uzuri wake? Ni mtu wa kawaida.

Jambo jingine. Watu wanazidi kuingia, na mkubwa wetu anataka nisaini tena mpaka Juni. Sijamjibu.

F5, F7, H8.

Mumeo,
Nikodemu

Ujiji, 12 Februari 1997

Nikodemu,

Nyumbani wote wazima.

"Mtu wa kawaida"! Mwanaume akisema hivyo, huyo mwanamke ana macho ya kumtoa mtu roho. Na sasa Juni!

F5 imepigwa. F7 imepigwa. H8 maji. Bomu linalofuata nalijua, na anayelichagua namjua. Mchezo huu ulikuwa wa watu wawili na mkeka mmoja. Ukimweka mtu wa tatu kwenye miraba, umemweka mkekani.

Ile meli ya Wajerumani, hii Liemba tunayoiona gatini Kigoma, unajua walivyoifanya wakati wa vita vyao. Walipoona adui anakaribia waliizamisha wenyewe kule Malagarasi, asije akaichukua mwingine. Nami nimeshika kalamu nikazizamisha zangu zote. Mwalimu wako hana tena cha kupiga.

Saini unachotaka.

Leonia

Kambini, 6 Machi 1997

Mke wangu Leonia,

Nakusalimu kwa unyenyekevu. Mama hajambo? Kila lori la Telesphory lilipofika nilikimbia getini, naye akatikisa kichwa tu. Kuandika niliogopa.

Sikusaini. Mkubwa amenuna. Pasaka nipo Ujiji.

Mélanie nilimwambia asiguse tena miraba yangu. Hakukasirika. Alisema mchezo huu alikuwa akicheza na mumewe, Egide. Walipokimbia, ziwani walipanda mitumbwi tofauti, na wa Egide haukufika. Mpaka leo malori ya wakimbizi wapya yakija, anasimama pale yanaposhushia, anatazama nyuso. Kisha akaniuliza:

"Mkeo anapiga vipi?"

"Ovyo, kama mimi."

Akacheka. Sikuwa nimewahi kumwona akicheka. Akachora miraba yake, anakuomba ucheze naye. Ukikataa nitaichana, wala sitasema neno.

Na ile meli, wazee wa gatini husema Wajerumani waliipaka mashine grisi kwanza ndipo wakaizamisha, ili siku moja iinuliwe. Wewe ulipaka?

Mumeo,
Nikodemu

Ujiji, 9 Machi 1997

Mume wangu, mpenzi wangu, Pasaka yangu,

Mimi mzima, mzima, mzima! Nilisoma barua yako huku nasonga ugali, ugali ukaungua. Mama akauliza, "Kuna msiba?" Nikamjibu, "Hapana mama, kuna mume."

Grisi nilipaka, tena ya kumwagika.

Wivu bado ninao, sikufichi. Sitaki akumiminie chai, wala sitaki akusindikize mpaka kwenye lori. Lakini jana nilikwenda ziwani kuosha vyombo, mtumbwi ukaja umejaa watu, nikajikuta nimesimama na sufuria mkononi natazama nyuso, mimi ambaye mume wangu najua alipo.

Nimechora miraba mipya. Hapa chini pamekunjwa, mpe vilevile. Usichungulie, na usithubutu kumsaidia.

Dada Mélanie, pokea salamu zangu. G3, B9, H4. Useme ukweli, nami nitasema. Na wewe anza na yako, nakungoja.

Mdogo wako wa Ujiji,
Leonia