Nazi ya Mama Yake Lata

Dada Kadzo,

Huko kazini Al-Safa hujambo, na madam wako je? Likizo yangu naila India, kijijini kwa Lata, ninayesafisha naye ofisi Riyadh. Ni sikukuu ya hekalu lao, watu pomoni, na kila anayehiji huvunja nazi mlangoni.

Mama yake Lata mikono haina nguvu. Aliibamiza nazi mpaka machozi yakamtoka. Nikaazima panga la muuzaji, nikaigeuza nazi kiganjani kama mama alivyotufunza Kilifi. Pigo moja, pande mbili! Watu wakashangilia.

Kwa mazoea nikayanywa maji yake, kumbe ni ya mungu wao! Lata akashika kichwa. Mama yake akacheka, akasema mungu hana kinyongo, akaniita mwanangu. Wazee wakanipangia foleni, na kila niliyemvunjia alininywesha maji ya nazi yake.

Jikaze, dada yangu. Mkono wangu leo unanukia kwetu.

Mbeyu