Cheo Walichokiita Kosa

Kaka Zakaria,

Shikamoo. Habari za Mponde? Wifi aliponipigia alisema mama anakunywa uji tu. Ameanza kula? Na kile kifua chake, na baridi hii, kimetulia? Mimi niko hapa Dodoma kwa binti wa shangazi, mzima wa mwili. Moyo ndio haujakaa sawa, na kwenye simu ningelia kabla sijamaliza, ndiyo maana naandika.

Shauri letu limeondolewa mahakamani.

Unajua lilikoanzia. Mimi na Agnes, mwenzangu niliyefundisha naye Zirai, tulipandishwa daraja, tukalipwa mshahara wa daraja hilo, tukafundisha kwa cheo hicho mpaka karibu na kustaafu. Ndipo mwajiri akasema tulipandishwa kimakosa. Tukashushwa, na mafao ya uzeeni yakapigiwa hesabu kwa daraja la zamani. Kosa la nani? Hakuna aliyetuambia. Mafao yanauma, sikatai. Ila kinachonichoma zaidi ni hilo neno, kimakosa. Zirai wapo wanaosema nilighushi vyeti. Watu niliowafundisha kusoma wananipita sokoni kama hawanijui.

Basi siku ya shauri nilikuwa nimejiandaa, kaka. Maneno yangu nilikuwa nimeyapanga tangu kwenye basi. Lakini kabla hata hatujaitwa, wakili wa Serikali, kijana mwembamba, akasimama na pingamizi: kwamba tulipaswa kukata rufaa kwanza kwenye tume ya watumishi, nasi tumeiruka tukakimbilia mahakamani. Wakili wetu akajibu. Wakabishana kwa vifungu na Kiingereza kingi. Jaji akatoka, akarudi, akasema pingamizi lina mashiko. Watu wakasimama, nasi tukasimama. Imekwisha. Safari yote ile, na hatukuulizwa neno hata moja.

Kwenye korido yule kijana akatukuta. "Shikamooni, walimu wangu."

Nilitamani kunyamaza, ila shikamoo huwezi kuiacha chini. Nikaitikia, kisha nikamuuliza, "Mwanangu, kwani wewe unaamini tulikosea nini?"

Akaangalia viatu vyake. "Mama, leo hatukubishania kosa lenu. Tumebishania mlango mliopitia."

Agnes alikaa kwenye benchi akajifunika uso kwa kanga. Nikamwambia twende kesho tukaanze upya huko kwenye tume.

"Nenda wewe, Eliza," akasema. "Mimi nimechoka. Nataka kulala kwangu Muheza."

"Na jina lako?"

"Jina langu Mungu analijua."

Nilimjibu vibaya, kaka. Nilimwambia Mungu hakai masjala. Hakunisemesha tena mpaka tulipofika hapa kwa binti wa shangazi. Asubuhi nilimsindikiza stendi, tukashikana mikono kama wageni, akapanda basi. Akija Mponde kuwasalimu, tafadhali msimlaumu. Mpokeeni kama mngenipokea mimi.

Kutoka stendi nilikwenda moja kwa moja kwenye tume. Mama mmoja wa mapokezi akanisikiliza, akatikisa kichwa. "Muda wa rufaa ulishapita. Omba kwanza kuongezewa muda, ueleze siku zote hizo ulikuwa wapi."

"Nilikuwa mahakamani," nikasema.

Akacheka kidogo, si kwa dharau. "Basi eleza hivyo hivyo." Akavuta kalamu. "Jina?" Nikamtajia. "Cheo ulichostaafu nacho?"

Kipi, kaka, changu au kile walichonishushia? Nyuma yangu watu wanakohoa, wanataka zamu yao. Nikamtajia kile walichoninyang'anya. Akanitazama juu ya miwani, halafu akakiandika.

Hawajasema kama watanipa muda. Wanaweza kukataa, na wakikataa sijui nitashika njia gani. Lakini sirudi kabla ya kujibiwa. Binti wa shangazi amesema nikae, nami namsaidia kupika na kuangalia watoto.

Nisalimie wifi, umshukuru kwa kumwogesha mama. Msalimu mchungaji, na wanakwaya wenzangu wasiache kuniombea. Shangazi yetu mwambie binti yake ananitunza vizuri.

Na mama akiuliza kama nimeshinda, usimfiche, wala usimwambie nimeshindwa. Mwambie sijasikilizwa bado.

Mdogo wako akupendaye,
Eliza