Shamba la Mwanaidi Limerudi

Jumapili jioni, Morogoro

Laiti Mwanaidi angekuja kabla hatujamzika mume wangu, baba Neema.

Ameshuka leo na lori la mboga kutoka Mgeta, akanikuta kibarazani, akamuulizia mume wangu. "Shikamoo mama. Mwalimu yupo? Nimekuja kumwambia shamba limerudi."

Nikamkumbuka. Ndiye yule mjane aliyenyang'anywa shamba na shemeji zake, mume wangu akampa kitabu chake cha sheria za ardhi.

"Nilikisoma mpaka kikaniingia," akasema. "Kwenye baraza la ardhi shemeji akauliza, nani kamfundisha huyu? Nikamwambia, sheria."

Miaka yote ya ndoa yetu baba Neema aliandika vitabu vya sheria na haki, na kila kimoja kilipotoka aliniuliza, "Hivi mama Neema, kuna mtu atakisoma huko milimani?"

Na leo aliyekisoma amekaa mbele yangu, anacheka. Kwa furaha nikajisahau, nikageukia mlango wa chumba chake, nikaita kwa sauti, "Baba Neema, njoo usikie!"

Mwanaidi akainuka kwa heshima, akajitanda kanga vizuri, akawa anautazama mlango.

Ikabidi nimwambie.