Upande wa Kushoto wa Kipkemboi

Hyattsville, Maryland
Jumapili, baada ya kanisa

Wifi yangu mpendwa Chepngetich,

Salamu nyingi zikufikie wewe, mama na watoto. Natumaini goti la mama limepata nafuu, na kwamba mvua haijaharibu njia ya kupelekea majani ya chai. Mimi ni mzima, namshukuru Mungu. Baridi imeanza, na leo nimevaa ile sweta ya kaka yako Kipkemboi. Mikono yake bado ni mirefu kwangu, nimeikunja.

Bado namhudumia yule bibi Mwingereza, Adela, karibu na College Park. Alimfuata bintiye Marekani baada ya mumewe, Dunstan, kufariki. Macho yake yamefifia, kwa hiyo mimi humsomea taarifa za baraza la kijiji alikotoka. Kijiji chenyewe ni kidogo mno: watu mia tatu, bwawa la bata, na kanisa lenye majina ya makasisi wake wa miaka mia nane ukutani. Baraza ni watu saba wasiolipwa. Kazi yao ni nyasi, taa ya njia panda na makaburi. Dunstan alikuwa mwenyekiti na Adela mjumbe. Aliniambia huku akicheka kwamba siku ya kura ya uzio wa bwawa alimpinga mumewe mbele ya watu, kisha akaenda nyumbani kumpikia viazi. Nikamwambia kwetu angerudishwa kwa baba yake. Akasema baba yake ndiye aliyekuwa wa pili kunyoosha mkono upande wake.

Sasa wanataka kumwekea Dunstan benchi la kumbukumbu. Wifi, kwa benchi moja wamekaa vikao vitatu! Litazame maji au litazame kanisa? Wamebandika tangazo ubaoni kwamba mwenye pingamizi aandike, hata aliyehamia mbali. Adela ameandikiwa barua yake mwenyewe, akiulizwa angependa nini. Nilipomsomea, nilishikwa na wivu, nikasoma mstari uleule mara mbili. Kipkemboi alipofariki, humu katika jengo letu hakuna aliyejua. Tangazo pekee lililobandikwa mlangoni kwangu lilitaka gari lake liondolewe.

Adela akaniuliza nina nini. Nikamweleza kwamba makaratasi yangu ya uhamiaji hayakuwa tayari, mwili ukasafirishwa huko nyumbani bila mimi, na mazishi nikayatazama kwenye simu. Mtandao ulipokatika, picha iliyobaki ilikuwa mgongo wako na kitambaa chako cha kijani. Akauliza kaburi linatazama wapi. Sikujua.

Hapo ndipo nilipojielewa, wifi, na usinikasirikie. Si Adela ninayemwonea wivu sana. Ni wewe. Ulinitumia picha ukipukuchua mahindi kwenye kigoda kando ya kaburi, ukaandika kwamba jioni humsimulia kaka yako habari za siku. Niliitazama ndani ya basi mpaka nikapitiliza kituo changu. Mimi ndiye mkewe, na wewe ndiye unayeongea naye.

Kisha juzi ukaniambia kwamba familia imekaa na kukubaliana kupanda chai hadi ukingoni mwa kaburi, upande wa kushoto, kwa sababu pale pako wazi tu. Wifi, pale hapako wazi. Kitandani nililala kushoto kwa Kipkemboi tangu mlipokuja kunichukua kwetu. Pale ni pangu.

Hakuna aliyeniuliza. Basi barua hii ndiyo pingamizi langu. Isome mbele ya shemeji zangu wote, na mama asikie. Waambie mkazi mmoja hakuwepo kikaoni.

Mpe mama pole ya goti, na watoto uwabusu. Jioni ukitoka na kigoda chako, keti upande wa kulia. Mwambie kaka yako kwamba siku hizi nami napuliza chai hata ikiwa imepoa, kama alivyokuwa akifanya nikimcheka. Na uniandikie anatazama wapi.

Ni mimi wifi yako,
Jacqueline