Siku Nilipoiruhusu Simu Chumbani

Salha, mwali wangu,

Namba yako haipatikani wiki ya pili sasa, ndiyo maana nashika kalamu, mie ambaye kuandika kunanichosha kuliko kutwanga.

Unakumbuka ulivyoingia kwangu Tandika, wiki moja kabla ya harusi, nikufunde? Mwanamke mzima wa miaka ishirini na saba, kazi yako benki. Nikakutandikia mkeka, weye ukatoa simu. "Somo, ya kinu na mchi nishayasikia. Nifundishe hivi." Kuchungulia, Wabrazili! Zile filamu zao za wakubwa. Hee! Nilicheka mpaka khanga ikanidondoka.

"Usicheke, somo. Kule ndiyo maisha yao, ufukweni, kwenye ngoma za barabarani, hawana haya. Na mchumba wangu ndizo anazoangalia. Anataka nimrekodie moja."

Nikakujibu kwa maringo yangu: kiuno hicho hata sie tunacho, na shanga tunazo. Wale wako kazini, mwanangu, kuna mtu kasimama nyuma ya kamera anawaambia geuka. Huwezi kujua watu wanavyoishi kwa kuwatazama wakiwa kazini. Ukanuna. Nilikupenda ulivyonuna.

Miaka thelathini nafunda, simu haijawahi kuvuka pazia langu. Siku ile nikaiachia. "Namtumia yeye tu," ukaapa. Shoga yako Rehema akashika simu, ukacheza kwa khanga moja, mie napiga ngoma na kukuhimiza, "Kata, mwanangu, kata!" Sauti yangu imo mle.

Sijui nani kaisambaza video ile, na maji yakishamwagika hayazoleki. Nimeisikia Buguruni kwa muuza vitunguu, simu kaiegesha kwenye gunia, watu wamemzunguka. Juzi nimeisikia nyumba ya pili na hapa. Wameipa jina, Mbrazili wa Temeke. Na mumeo, yeye aliyeitaka, ndiye aliyekufukuza akisema umemwaibisha. Ukanipigia unalia: "Somo, niko kwa shangazi Kimbiji. Usimwambie mtu."

Jana mumeo kaja kwangu na kaka zake wawili. Shikamoo wametoa, viatu wamevua. Akaniuliza taratibu, "Bi mkubwa, ile sauti ni yako?" Niliogopa, Salha. Niliogopa jina langu, nikawaogopa na wale kaka zake waliokataa kukaa. Nikasema si yangu. Akauliza uko wapi.

Nikamwambia.

Wanakuja Ijumaa, "kuongea tu." Leo Jumatano. Ningekuja mwenyewe, lakini kaka mmoja yuko barazani kwangu tangu asubuhi, anasema anapumzika. Barua hii nampa mama muuza samaki, jirani yangu, anayekwenda huko kununua mzigo. Naifunga kwenye kitambaa, nimwambie ni dawa ya shangazi yako.

Sikuombi msamaha, muda huo huna. Ukishasoma usingoje hata chai ichemke. Muage shangazi, naye aondoke. Usimwambie yeyote unakokwenda, na mie usiniambie.

Somo yako, niliyekutaja