Mzee wa miji mitatu

Sharon weee, kaa chini kwanza 😂😂

Nyamhanga, yule mwenye nyumba wa Dorka, kajimaliza mwenyewe Mahakama Kuu!

Si unakumbuka baraza la ardhi lilimwonea Dorka huruma, likasema asitolewe mpaka ajifungue? Mzee akakata rufaa. Wakili kamfundisha wiki nzima: sema baraza halikukufikiria, sema huna pa kukaa, nyumba unaitaka uhamie mwenyewe.

Jaji akamuuliza kwa upole, "Kwa hiyo mzee, wewe huna mji?"

HUNA MJI!! Yaani huna boma, huna mke, huna ng'ombe! Mwanaume wa Kikurya aambiwe hivyo, na wakwe zake wamekaa nyuma wanasikia!

Mzee akainuka, kifua mbele. "Mimi? Nina miji mitatu, kila mmoja na mke wake! Ule wa kijijini Nyansurura, zizi limejaa mpaka ng'ombe wanalala nje!"

Wakili akafunika uso.

Jaji akasema baraza lilitumia busara yake vizuri, hatengui kitu. Dorka anabaki.

Huko nje Dorka akapita na tumbo lake, akamwamkia, "Shikamoo, mzee wa miji mitatu."

Sharon, AKAITIKIA! Tena anatabasamu: "Marahaba, binti yangu."