Jina la Mtoto Anayelia

Stesheni ya Kaliua

Mama, shikamoo.

Treni ya Mpanda haijafika, mvua inapiga bati, nami nakaa nasimama tangu mhudumu wa treni iliyotoka huko nyumbani aliponiletea salamu zako, kwamba mwanangu bado analia. Anasema umemtajia majina ya wazee wote wa ukoo, ili anyamaze akisikia lile analolitaka, na hanyamazi.

Nimekaa benchi moja na Mmarekani mzee, fundi wa mgodini, anaitwa Elmeri. Leo kichwa changu hakina kingine ila majina, nikamuuliza la kwake limetoka wapi. Akanijibu kwa Kiswahili chake kizito, "Baba alicheza mpira chuoni, ule wetu wa kukumbatia na kukimbia nao. Akavunjika mguu, na mwalimu wao wa mpira akambeba mgongoni hadi kwa daktari. Elmeri ndiye mwalimu huyo. Si ndugu yetu."

Nikaweka chini muhogo wangu wa kuchoma, nikachukua kalamu. Mama, babu alipougua akirudi kutoka pwani na msafara, wenzake walimpita. Aliyembeba mpaka Goweko ni Mihambo, mtu baki, na kwa kuwa si wa ukoo hatumtaji kwenye tambiko hata moja.

Mtajie mtoto jina la Mihambo, taratibu, sikioni. Najua wazee watanuna. Waambie babu angeachwa kule porini, leo kusingekuwa na mtoto wa kulia.

Mama yake mlazimishe ale uji, na wewe upumzike.

Mwanao,
Kasanda